Ncha Imevuka Masale

Mche aliniletea Lusajo, mtoto wa dada,
umeviringishwa kwenye gazeti lililolowa:
kamzizi kamoja, na miiba tele.
"Beri nyeusi, mama mdogo. Panda nyuma ya jiko."
Nikapanda. Tukuyu hii,
ukichomeka mwiko ardhini unachipua.

Mwaka wa kwanza, majani tu.
Fito zikarefuka, zikainama, zikawa zinakamata kanga yangu
kila nikienda kumwaga majivu.
Nilitaka kung'oa. Lusajo akacheka kwenye simu:
"Ufito hauzai mwaka uliochipuka.
Unalala kwanza na baridi ya Julai,
ndipo unazaa, ndipo unakufa.
Ukikata, kata uliokwisha kuzaa. Usikosee."

Nilikosea.
Nilikata mbichi nikaacha kavu,
nikabaki na uzio wa kuni.
Tangu hapo kila ufito wa kuacha naufunga uzi mwekundu,
kama wauguzi wanavyofunga vichanga mkononi.

Sasa zinaiva Januari, mvua ikiwa katikati.
Kwanza kijani, kisha nyekundu ya kudanganya,
kisha nyeusi inayong'aa, na hiyo nayo usiiamini:
ukiivuta inashikilia kikonyo,
ukiila inakukunja uso.
Ngoja siku mbili. Ngoja weusi ufifie
uwe kama kiatu cha shule siku ya Ijumaa.
Hapo ukigusa tu, inakuja yenyewe.
Navuna kati ya mvua na mvua
(ikilowa haifiki kesho bila ukungu),
soksi kuukuu nimeivaa mkono wa kushoto,
kikombe cha bati kimening'inia shingoni,
na Jumapili kanisani nashika kitabu cha nyimbo
kwa vidole vya zambarau.

Ng'ambo ya masale anakaa Ambakisye.
Masale hayo tumeyafikisha baraza la kata mara mbili.
Alisema nimeyasogeza. Nilisema ameyang'oa usiku.
Tukapimiwa kwa hatua, kwa kamba, kwa mashahidi
ambao mpaka unawekwa walikuwa hawajaota meno.
Miaka sita hatusalimiani.
Kuku wetu tu ndio wanatembeleana.

Beri haikuitwa barazani.
Machi iliyopita ufito mmoja mrefu
ulipita juu ya masale, ukainamisha kichwa
kwenye safu ya kahawa yake, ukagusa udongo.
Ncha ikigusa udongo inatoa mizizi.
Hilo Lusajo hakuniambia. Nililiona mwenyewe,
nimechutama nyuma ya migomba kama mwizi
kwenye shamba langu mwenyewe.

Nikangoja kusikia panga.
Siku ya kwanza. Ya pili.
Alipita na ndoo, akasimama,
akautazama, akatema mate pembeni, akaenda zake.
Juma lililofuata nikakuta mwanzi umechomekwa,
ufito umeegeshwa, umefungwa kwa kamba ya mgomba
kwa fundo legelege, fundo la mtu
anayejua kwamba shina litanenepa.

Sikusema kitu. Ningesema nini?

Januari hii ufito ule umezaa pande zote mbili.
Kwake zimetangulia kuiva, jua la asubuhi linaanzia kwake.
Nimewaona wajukuu zake na midomo yao,
nao wameniona nawaona, wakajifuta kwa mikono,
mambo yakaharibika zaidi.

Jana nimetoka na mkasi. Ufito unaelekea kukauka,
ni wa kukatwa; sheria ndiyo hiyo, haina uzi mwekundu.
Nikamkuta amesimama upande wake na panga,
kofia imelowa, anatazama chini.
"Unakata wewe," akauliza, "au nikate mimi?"
Maneno ya kwanza tangu baraza.

Nikaangalia ufito mzima, kwangu hadi kwake.
"Ngoja," nikamwambia.
"Bado kuna tatu zinang'aa."